Ujasiri Hauna Kiinua Mgongo

Barua ilikuwa ukurasa mmoja na robo. Baba ndiye aliyeiandika, kwa mkono, mwandiko ule wa walimu wa zamani wenye herufi zilizolala upande mmoja kama mikorosho iliyozoea upepo, kisha tukampelekea kijana wa steshenari akaichapa. Ilihusu malipo ya korosho. Mzigo tulishapeleka ghalani, stakabadhi tulikuwa nazo, mnada ulishapita, na kila tulipokwenda kuuliza kwenye chama chetu cha msingi tuliambiwa tusubiri. Wapo waliokuwa wameshauza kwa kangomba, biashara ya magendo nje ya ghala, korosho za msimu unaofuata, mkorosho haujatoa hata ua, ili mtoto apate kurudi shule.

Tulikaa chini ya mwembe pale nyumbani, Newala, watu kama 15. Barua ikasomwa kwa sauti. Wote tukaafiki. Mzee mmoja, fundi baiskeli, akasema isiguswe hata nukta. Basi ikawekwa kwenye stuli katikati yetu, kalamu juu yake ili upepo usiipeperushe.

Ikakaa hapo.

Waliokuwa wakipaza sauti kuliko wote wakakumbuka simu za kupiga. Mmoja alikuwa ameacha miwani nyumbani. Mwingine akauliza kama haitafaa kwanza kumwonyesha mtu fulani, atupe ushauri. Mimi nilikuwa nahangaika na kikombe cha chai kilichokwisha zamani. Mwishowe mama mmoja anayeuza ming'oko, ile mizizi ya porini, sokoni akatoa wazo: tuchore duara chini ya barua, kila mtu aandike jina lake kwenye ukingo wa lile duara, ili mwenye hasira akija asijue nani alianza. Tulicheka sana. Lakini hakuna aliyesema wazo ni baya.

Baba, aliyefundisha historia tangu sijazaliwa hadi alipostaafu, hakucheka. Alisema, "Machemba hakuchora duara," akainuka kwenda kuswali.

Kwa asiyemjua, Machemba alikuwa mtawala wa Wayao kwenye uwanda huu wa juu wa Makonde. Ngome yake ilikuwa Luagala, ambayo leo iko wilaya ya Tandahimba, mwendo wa pikipiki tu kutoka kwetu. Mwaka 1890 Wajerumani walikuwa wameshamaliza kazi yao ya pwani ya kaskazini. Abushiri bin Salim, aliyeongoza upinzani wa huko, walimnyonga Pangani, Desemba 1889. Mei 1890 wakashuka huku, wakachukua Kilwa, Lindi na Mikindani. Bandari zote ambazo misafara ya Machemba ilipeleka bidhaa zake zikawa mikononi mwao. Ndipo kamishna wao, Hermann von Wissmann, akamtaka Machemba naye akubali kutawaliwa.

Jibu lilikwenda kwa barua, kwa Kiswahili. Mimi niliisoma mara ya kwanza kwa Kiingereza, nikiwa chuoni, na mpaka leo hilo linanichekesha kwa uchungu: barua iliyoandikwa kwa lugha yangu, kutoka mahali ninapoweza kufika na kurudi kabla ya chakula cha mchana, ilibidi izunguke dunia nzima ndipo inifikie.

Ndani yake Machemba anaanza kwa adabu: maneno yako nimeyasikia. Kisha anasema haoni sababu ya kumtii Wissmann, na kwamba ni heri afe kuliko kufanya hivyo. Kama Mjerumani anataka urafiki, yeye yuko tayari, leo na siku zote. Kuwa raia wake, hapana. Kama anataka vita, yuko tayari pia. Hatamwangukia miguuni, kwa kuwa wote wawili ni viumbe wa Mungu. Yeye ni sultani katika nchi yake, na Wissmann ni sultani katika nchi yake. Halafu linakuja lile ambalo baba alikuwa akilirudia darasani mpaka chaki inakatika: Machemba anamwambia Mjerumani kwamba hamtaki amtii, kwa kuwa anajua kuwa yeye ni mtu huru. Na mwisho, kama una nguvu za kutosha, njoo unichukue.

Wissmann, kwa hakika, hakuwa sultani wa mahali popote. Alikuwa mwajiriwa. Lakini Machemba alimpa usultani wa bure ili hesabu ikae sawa pande zote mbili, na nadhani hapo ndipo ujanja wa barua ile ulipo. Haombi na hatukani, wala halii kuhusu dhuluma. Anamkaribisha mgeni mlangoni, anamwonyesha kiti kilicho sawa na chake, kisha anamwambia ukitaka kukaa juu ya changu tutapigana. Na aliandika hayo akijua yaliyompata Abushiri. Habari zilitembea na misafara.

Sasa, mimi si mtu wa kumpamba Machemba. Damu yangu hainiruhusu. Bibi mzaa baba alikuwa Mmakonde wa ng'ambo, wa Mueda kule Msumbiji, hao ambao huku kwetu waliitwa Wamawia, mwenye chale usoni na tundu la ndonya kwenye mdomo wa juu ambalo sisi wajukuu tulikuwa tukiliogopa usiku. Kwa bibi, neno Myao halikuwa la utani. Wamakonde walipanda juu ya nyanda hizi, wakajificha kwenye vichaka vinavyochana ngozi, mbali na maji, kwa sababu huko chini kulikuwa na watu wanaokamata watu. Misafara ya Wayao ilibeba pembe za ndovu na mpira, na ilibeba pia wanadamu. Machemba alikuwa mfanyabiashara wa enzi yake. Yule aliyemwandikia Mjerumani kwamba hataanguka miguuni pa mtu alikuwa na watu walioanguka miguuni pake.

Niliwahi kumwuliza baba jambo hilo nikiwa kidato cha tatu, nikidhani nimemkamata. Alinijibu kwa kunipa kazi. Nenda, akasema, kasome habari za wale waasi wa Marekani wa mwaka 1776, uniambie waliofuga watumwa ni wangapi.

Nilikwenda. Nilitarajia kukuta majemedari wasiojua hofu, nikakuta watu 56 waliotia saini tangazo la kujitenga na mfalme wa Uingereza, wengi wao wakiwa mabwana wa watumwa. Thomas Jefferson, aliyeandika kwamba watu wote wameumbwa sawa, alimiliki watu zaidi ya 600 katika maisha yake. Hilo baba alikuwa akilijua na ndilo alilotaka nilikute. Lakini kuna jingine nililolikuta, ambalo nadhani yeye hakulitarajia: majina yale hayakutoka hadharani siku ileile. Karatasi zilizochapwa Julai 1776 zilikuwa na majina mawili tu, la John Hancock aliyekuwa rais wa mkutano wao na la katibu Charles Thomson. Wengi walitia saini tarehe 2 Agosti, kwenye karatasi ambayo umma haukuonyeshwa. Adhabu ya uhaini kwa mfalme ilikuwa kunyongwa, na majeshi ya mfalme yalikuwa yanashinda. Miezi ikapita. Ni Januari 1777, baada ya jeshi la George Washington kupata ushindi Trenton na Princeton, ndipo mkutano ulipoagiza tangazo lichapwe pamoja na majina. Kazi hiyo alipewa mwanamke, Mary Katherine Goddard, mpiga chapa wa Baltimore. Naye chini kabisa ya karatasi, ambapo mpiga chapa angeweza kuweka herufi za mwanzo tu, akaweka jina lake lote.

Kwa hiyo hata wale walisubiri habari njema. Sisemi hivyo kuwadharau. Nimekaa mbele ya stuli yenye kalamu.

Machemba hakupata habari njema. Mapambano na makubaliano ya kusuasua yaliendelea kwa miaka, mpaka 1899 alipolazimika kuiacha Luagala. Akavuka mto Ruvuma, akaingia Msumbiji. Hakunyongwa kama Abushiri, wala kama Hassan bin Omari Makunganya, mpinzani mwingine wa Wajerumani, aliyetundikwa Kilwa Kivinje mwaka 1895. Alikimbia. Darasani kulikuwa na kijana mmoja ambaye kila mwaka, sijui ilikuwaje kila mwaka akawapo mmoja wa aina hiyo, aliinua mkono na kuuliza: sasa huyo ni shujaa gani? Baba alikuwa na jibu lake tayari. Siku aliyoandika alikuwa jasiri, siku aliyovuka alikuwa na akili, na wewe kaa chini. Kisha angeongeza kwamba ujasiri ni kibarua cha kutwa: ukishaufanya leo, kesho unaanza upya, wala hakuna mahali unapowekewa akiba. Baada ya kustaafu alilifupisha. Ujasiri hauna kiinua mgongo, alikuwa akisema, na yeye alijua anachosema, maana cha kwake kilichukua muda mrefu mno kufika, na kilipofika kilikuwa kimekondeana.

Ukisimama pale Shimo la Mungu, Newala, ambapo uwanda unakatika ghafla kama mkate, unaona bonde lote la Ruvuma hadi ng'ambo. Wageni hupiga picha. Bibi alipokuwa hai hakupapenda. Alikuwa akisema ukitazama sana unasikia watu wanaitana.

Machemba alivuka kwenda kusini. Miaka 60 baadaye watu walikuwa wakivuka kuja kaskazini, na bibi alikuwa mmoja wao, kijana bado, na mumewe ambaye alitafuta kazi kwenye mashamba ya mkonge ya Lindi. Kule kwao Wareno walikuwa wakiwalazimisha kulima pamba na kuiuza kwa bei ya kudhalilisha, na kuna shokoa, kazi ya lazima isiyo na mwisho. Huku Tanganyika hakukuwa peponi, Mwingereza alikuwa bado yupo, lakini kulikuwa na ujira unaoweza kuuhesabu, na kulikuwa na TANU. Mtu aliona kwa macho yake Mwafrika amesimama juu ya meza, anasema uhuru, na jioni anarudi kwake kula ugali. Hebu fikiria uzito wa kitu hicho kwa mtu wa Mueda.

Juni 1960 Wamakonde wawili waliotoka upande huu, Faustino Vanomba na Kibiriti Diwane, walikwenda Mueda kuzungumza na utawala wa Wareno. Tarehe 16 gavana wa Cabo Delgado, jimbo lenye Mueda, alikuwapo. Watu wengi walikuwa wamekusanyika nje kusubiri jibu. Wawili wale wakaingia ndani, wakasema yao. Walipotolewa nje walikuwa wamefungwa. Umati ukasogea kuwazuia askari wasiwachukue, na askari wakafyatua risasi. Idadi ya waliokufa inabishaniwa hadi leo. FRELIMO, chama kilichokuja kupigania uhuru wa Msumbiji, kimekuwa kikitaja watu 600. Wapo watafiti waliotaja idadi ndogo sana kuliko hiyo. Bibi hakuwa na idadi. Alikuwa na majina manne, na akifika la nne alikuwa akinyamaza kwa muda kabla ya kuendelea kuchambua mboga.

Katika kusimulia kwake alikuwa na neno moja ambalo utotoni lilinipita na sasa linanirudia. "Walikwenda kuongea," alikuwa akisema. Si kudai, si kupigania. Kuongea. Nilipokua nikawa namsahihisha, kwa ujinga wa msomi: bibi, walikwenda kudai uhuru. Ananitazama. Walikwenda kuongea, mjukuu wangu.

Nimekuja kuelewa kwamba alikuwa sahihi kuliko mimi. Kwenda kuongea ndiko kulikokuwa na hatari. Mwenye bunduki msituni ana msitu. Vanomba na Diwane hawakuwa na msitu. Waliingia mchana kwenye nyumba ya mwenye dola, kwa majina yao, mikono mitupu, wakijua kwamba mlango waliouingilia ndio wa kutokea na funguo si zao. Walichofanya ndicho alichofanya Machemba, tofauti ni kwamba barua yao walikuwa wenyewe.

Kilichofuata kinajulikana zaidi, na nitakipita haraka. FRELIMO ilizaliwa Dar es Salaam, 25 Juni 1962, chini ya Eduardo Mondlane, profesa aliyeacha kazi ya kufundisha Marekani. Risasi za kwanza zilipigwa Chai, Cabo Delgado, 25 Septemba 1964, na kundi lililoongozwa na Alberto Chipande, ambaye miaka minne nyuma alikuwa Mueda siku ile. Mondlane aliuawa Dar es Salaam, 3 Februari 1969, kwa bomu lililofichwa ndani ya kitabu alicholetewa kwa posta. Kwa sisi wa mpakani, miaka hiyo haikuwa habari za redioni. Ndege za Wareno zilifika. Mabomu ya kutegwa ardhini yalikata watu miguu kwenye njia za kwenda mashambani. Bibi alibeba unga kichwani, debe zima, usiku, hadi karibu na mto, akaukabidhi kwa vijana ambao hakuwaona nyuso. Alipoulizwa kama aliogopa alisema aliogopa nyoka.

Nachingwea nilikwenda kwa mara ya kwanza kwenye harusi ya dada yangu, tukapita Masasi kwenye basi lililojaa kuku na masufuria ya zawadi. Mji ule umepitiwa na mambo mawili makubwa ambayo hayafanani. La kwanza ni karanga: baada ya vita vya pili vya dunia Waingereza walikata misitu, wakajenga bandari Mtwara na reli ya kufika Nachingwea, wakitaka kulima karanga za kulisha Ulaya mafuta. Mradi ulianza 1947, na kufikia 1951 ulikuwa umekufa. Reli yenyewe ikang'olewa baadaye. La pili ni kambi. Tangu 1965, mahali wenyeji wanapopaita Farm 17, FRELIMO ilifundisha jeshi lake. Samora Machel, aliyeshika uongozi wa jeshi baada ya Filipe Magaia kuuawa mwaka 1966, aliishi na kufundisha pale. Wasichana nao walifundishwa bunduki pale, akiwamo Josina, aliyekuja kuwa mke wake na kufariki Dar es Salaam, 7 Aprili 1971, akiwa na miaka 25. Shemeji yangu mpya, mtu wa Nachingwea hasa, alinitembeza asubuhi baada ya harusi, bado tuna harufu ya pilau. Alisema kila kitu kwa fahari. Nilimwuliza habari za Lazaro Kavandame. Akabadilisha mazungumzo.

Kavandame ni mtu ambaye kumbukumbu ya uwanda huu haijui imweke wapi. Mwishoni mwa miaka ya 1950, wakati Mmakonde hakuruhusiwa hata kupumua kwa mpangilio, yeye alianzisha ushirika wa wakulima wa pamba kule Mueda. Ushirika! Kila nikilisema neno hilo nafikiria ile stuli. Kuwakusanya wakulima, kuandika majina yao kwenye daftari, kulitetea daftari hilo mbele ya Mreno, si jambo dogo. FRELIMO ilipoanza vita yeye akawa mwenyekiti wa jimbo lote la Cabo Delgado. Kisha yakaja maduka ya maeneo yaliyokombolewa, na tuhuma kwamba anajinufaisha kwa jasho la watu walewale, na ugomvi kati yake na makamanda vijana juu ya nani aamue vita. Desemba 1968 kamanda Paulo Kankhomba aliuawa mpakani, na lawama zikawaangukia watu wa Kavandame. FRELIMO ikamsimamisha. Mwaka 1969 akavuka Ruvuma. Akajisalimisha kwa Wareno, nao wakamtumia kuwataka Wamakonde waweke silaha chini. Wengi hawakumfuata.

Mto ni uleule. Machemba aliuvuka kuwakimbia watawala, Kavandame aliuvuka kuwaendea. Najua ni rahisi kumwita msaliti, na msaliti alikuwa. Linalonisumbua ni kwamba lile daftari la ushirika lilikuwa la kweli. Siku zile za Mueda hazikuwa za uongo kwa sababu ya siku moja ya 1969. Ila hazikumsaidia alipozihitaji. Hazikuwa na kiinua mgongo.

Na kuna mwingine, ambaye habari zake shemeji alizijua vizuri, maana sehemu yake ilitokea Nachingwea hapohapo. Mchungaji Uria Simango alikuwa makamu wa Mondlane. Baada ya Mondlane kuuawa aliwekwa kwenye uongozi wa watu watatu, pamoja na Samora na Marcelino dos Santos. Novemba 1969 aliandika waraka kuhusu giza lililoingia ndani ya chama, akitaja mauaji na ukabila na hila, akautoa hadharani kwa jina lake. Wapo wanaosema aliandika kwa uchu wa madaraka, na huenda uchu ulikuwamo; sijapata kuona waraka wa siasa usio na chembe yake. Alitolewa kwenye chama. Mwaka 1975, uhuru ukiwa mlangoni, alirudishwa mikononi mwa wenzake wa zamani, akaletwa Nachingwea, akasimamishwa mbele ya umati wa wapiganaji, akasomeshwa kwa sauti ungamo la usaliti wake. Baadaye aliuawa huko Msumbiji, kwa siri, bila mahakama.

Karatasi mbili, basi. Moja aliiandika mwenyewe na kuweka jina lake akijua itamgharimu. Nyingine aliwekewa mdomoni. Na wale waliosimama wakimsikiliza pale kambini, watu walioikabili dola ya Ureno kwa miaka 10, walioruka mabomu ya ardhini, waliobeba majeruhi kwa siku nzima bila maji, hakuna kumbukumbu ninayoijua ya hata mmoja aliyeinua mkono. Simshutumu mtu. Niliinua nini mimi, zaidi ya kikombe? Lakini hapo ndipo nilipoona kuna ujasiri wa aina mbili, na kwamba mwenye mmoja anaweza kuishi miaka yote bila wa pili. Kumkatalia mgeni aliyekuja na mizinga ni jambo zito, watu wamekufa kwa hilo. Ila ukimkatalia, kijiji kinakuimba. Ukiwakatalia wenzako, wale mliokula nao kwenye sinia moja, nani atakuimba?

Mnamo 25 Juni 1975 Msumbiji ikawa huru. Kabla ya siku hiyo Samora alikuwa ameingia nchini mwake akitokea Tanzania, akavuka Ruvuma, akasafiri majimbo yote hadi kusini, na huku kwetu waliobaki wazima walipiga ngoma mpaka alfajiri. Bibi alicheza. Daraja ambalo Nyerere na Samora walilizungumza lilikuja kufunguliwa mwaka 2010, Mtambaswala, mita 720 za zege, likaitwa Daraja la Umoja. Bibi hakuliona. Tangu 2017 kuna vita vingine Cabo Delgado, na watu wanavuka tena na magodoro kichwani, lakini hivyo vina mambo yake na leo siviingii.

Nirudi chini ya mwembe, maana baba alikuwa ameenda kuswali na barua ilikuwa kwenye stuli.

Kile ambacho hakuna aliyekitaja siku ile ni hiki. Mwenyekiti wa chama chetu ni mtoto wa mjomba wa nusu ya waliokuwa wamekaa pale. Mhasibu ameoa kwetu. Yule karani wa ghala ndiye aliyempeleka fundi baiskeli hospitali usiku ule mguu ulipovimba. Machemba alimwandikia Mjerumani. Sisi tulikuwa tunamwandikia shemeji. Ijumaa tutakuwa safu moja msikitini, na msiba ukitokea yeye ndiye atakayeshika daftari la rambirambi. Mjerumani utamkataa kisha upande ngomeni kwako. Shemeji utamkataa uende wapi?

Basi tukachora duara.

Mama wa ming'oko ndiye aliyeanza, ingawa kwa duara lenyewe ilikuwa siri. Tukafuata. Watu wawili waliondoka bila kuaga. Waliobaki wote walipokuwa wameshaandika, duara lilikuwa na majina 12, yamezunguka kama jua la mtoto wa chekechea, na ukilitazama ni kweli, huwezi kujua nani wa kwanza.

Baba akarudi. Akaichukua karatasi, akaitazama kwa mbali kama anavyotazama kila kitu siku hizi, akaigeuza kidogo, akaigeuza tena kusoma majina yaliyokuwa kichwa chini. Fundi baiskeli akampa kalamu. Baba akasema yeye hatii saini kwenye duara. Ama jina liwe na mstari wake, ama lisiwepo. Tukambembeleza: mwalimu, barua umeiandika wewe. Akakataa. Barua ikaenda na majina yetu 12, bila lake.

Malipo yalikuja wiki kadhaa baadaye. Hakuna aliyetuambia kama barua ilisomwa. Mhasibu aliendelea kunisalimia kama kawaida, labda kwa upole zaidi kidogo, na sikuupenda ule upole.

Kuhusu baba, nimejiuliza mara nyingi na sijamwuliza yeye. Pengine ulikuwa msimamo wa mtu aliyemfundisha Machemba maisha yake yote na hakuweza kujificha kwenye mviringo. Pengine ulikuwa woga uliosoma sana ukapata sababu nzuri. Nakala ya barua anayo, kwenye faili lilelile la kahawia lenye makaratasi ya kiinua mgongo chake. Juzi nilipokuwa namtafutia kadi ya bima niliiona tena. Kwenye ukingo wa lile duara kuna doa la kahawia, la chai. Lilichorwa kwa kufuatisha kikombe changu. Mimi ndiye niliyekitoa.